Do ya Mkongo, do ya kwaya na saksafoni inayosema E: tuelewane maneno ya hamoni na vinanda vyake

Kinanda Mkavu

Wakuu, habari za mchana.

Nafungua uzi huu kwa ajili ya wapiga vyombo na waimbaji, hasa sisi tuliojifunzia kanisani, kwenye bendi za mtaani au kwa video za mtandaoni. Kila mmoja ana maneno yake ya hamoni, na tukikutana chumba kimoja maneno yanagongana hata kabla ya vyombo.

Tuseme wimbo uko ki ya G, yaani G ndiyo noti yake ya nyumbani. Mwalimu wa kwaya anawaambia waimbaji, "do yetu ni G". Mpiga gitaa la solo kutoka Bukavu, Kongo, anasema "tuko sol". Wa saksafoni alto anasema yeye anapiga E. Wa tarumbeta anasema A. Wote wanne wako sahihi na mlio ni uleule. Sasa mpiga kinanda aliyelelewa na solfa (do-re-mi) ya kwaya anasikia "sol", anahesabu: do ni G, basi so ni D. Anashika D kwa nguvu zote. Kuanzia hapo mazoezi yamekwisha, kilichobaki ni ugomvi.

Chanzo ni kwamba solfa ziko mbili. Ya kwaya zetu za Tanzania, Kenya na Uganda ni ya Kiingereza. Ilianzia kwa Sarah Glover, mwalimu wa mji wa Norwich, kisha mchungaji John Curwen akaiboresha na kuieneza kuanzia miaka ya 1840, na wamisionari wakaibeba. Humo do inahama. Karatasi inakuambia juu kabisa "Do ni G" au "Do ni Eb" (b hushusha noti nusu), na kuanzia hapo unasoma uhusiano tu: d r m f s l t, nukta mbili zikitenga mapigo, nukta moja ikikata pigo katikati, kistari kikiendeleza noti iliyotangulia. Ile ti yetu ilikuwa si, ikabadilishwa ili isigombanie herufi na so. Fa ikipandishwa nusu inaitwa fe, ti ikishushwa inaitwa ta.

Solfa ya pili ni ya Kifaransa, ndiyo wanayotumia ndugu zetu wa Kongo, Burundi na wengi wa Rwanda. Huko do ni C. Asubuhi ni C, jioni ni C. Sol ni G, la ni A, si ni B. Hayo ni majina ya noti zenyewe, hayasemi chochote kuhusu wimbo uko ki gani.

Saksafoni na tarumbeta ni habari nyingine. Alto imetengenezwa kwa Eb: mpigaji akisoma C, kinachotoka ni Eb ya kinanda. Tarumbeta ya kawaida ni ya Bb, na saksafoni ya tena (tenor) pia. Ndiyo maana G yako kwao ni E na A.

Sasa kodi. Noti tatu au zaidi zinazolia pamoja kwa mpango. Do-mi-so ni kodi ya kwanza, fa-la-do ya nne, so-ti-re ya tano. Kutoka do hadi mi kuna semitoni nne (semitoni ni hatua ya ufunguo mmoja wa kinanda hadi wa jirani yake, mweupe au mweusi), kutoka mi hadi so tatu: hiyo ni majo. Geuza, tatu chini na nne juu, unapata maina, mfano la-do-mi. Kwenye kodi ya tano ukiongeza fa juu unapata seveni, na hapo ndipo hamoni inapopata nguvu, kwa sababu ti na fa zimeachana semitoni sita na hazitulii. Ti inataka kupanda do, fa inataka kushuka mi. Ukiwaachia waimbaji kodi ya tano seveni hewani ukaondoka, watakufuata mpaka mlangoni. Ile "Amina" ya mwisho wa tenzi ni nne kwenda moja, haina ti, ndiyo maana inatua taratibu.

Jambo moja kabla sijaendelea: baba na mtoto wakiimba wimbo mmoja, mmoja chini mwingine juu, hiyo ni oktavu. Hamoni bado. Hamoni inaanza sauti ya pili inapochukua njia yake.

Swali langu kwenu, na ndilo lililonifanya niandike: kwa nini kwaya ikiimba bila kinanda kodi zinakuwa tamu kiasi hicho, kinanda kikiingia kuna kitu kinakwaruza? Na kwa nini ikiimba peke yake ubeti hadi ubeti, mwisho wa wimbo ukibonyeza kinanda unakuta wameshuka? Waimbaji ni wazuri, sitaki jibu la "wafanye mazoezi".

Karibuni.

besi_ya_nne

Nilipoona "kodi" nikadhani TRA wameingia hadi kwenye kwaya.

Sisi besi hatuna maneno mengi. Do, fa, so, tunarudi nyumbani. Hayo mengine waulizwe soprano. Nimekaa kiti cha mbele.

RidhimuTemeke

Mkuu umeeleza vizuri ila umesahau kitufe kilichoharibu kizazi: transpozi.

Vijana wengi wanaopiga kinanda siku hizi wanajua C tu, funguo nyeupe. Wimbo ukiwa Eb anabonyeza transpozi mara tatu, anaendelea kupiga vidole vya C. Kinanda kinatoa Eb. Ukimuuliza uko kodi gani anakujibu F, kwa sababu macho yake yanaona F. Wewe wa gitaa unashika F, kumbe kinacholia ni Ab. Hapo tayari kuna lugha ya tano juu ya zile nne ulizotaja.

Kapo ya gitaa, kile kibanio cha shingoni, ina mchezo uleule, lakini sisi angalau tumezoea kusema "kapo freti ya tatu, maumbo ya C". Unataja kapo na umbo, kila mtu anajua wapi pa kukukuta.

Kwenye bendi dawa yetu ni namba. Moja, nne, tano. Sita ikiwa maina. Nikimwambia wa besi "nenda nne" hajali kama niko na kapo au la, ilimradi ki tumeshakubaliana. Nyimbo nyingi za dansi zinazunguka kwenye hizo tatu, kazi ya ridhimu ni kuzishika bila kuyumba wakati solo anatembea juu.

Bukavu Solo

Jambo sana ndugu zangu. Kwanza asante kwa kusema tuko sahihi, kwa sababu nikiwa Dar wananitazama kama mtu asiyejua muziki.

Sisi tulifundishwa do ni do. Inasaidia kwa gitaa: nikisema "la mineure" wewe unajua vidole vinakaa wapi, haina haja ya kuuliza do iko wapi leo. Shida yake inakuja kwa waimbaji, hapo nakubali solfa yenu ni nzuri zaidi. Mwimbaji hana freti kooni, anahitaji kujua uhusiano.

Ndugu RidhimuTemeke, kwetu kati ya ridhimu na solo kuna mtu wa tatu, tunamwita mi-solo. Watu wanafikiri anapamba tu. Huyo ndiye anachukua kodi na kuivunja noti moja moja, akijaza pale ridhimu na solo wameacha nafasi. Ukisikiliza magitaa matatu ya bendi ya Kongo, mara nyingi hakuna hata mmoja anayepiga kodi nzima kwa mpigo mmoja muda wote. Kodi inapatikana ukiwajumlisha.

Na zamani kabla ya bendi kubwa, mtu mmoja alifanya kazi hiyo yote. Mwenda wa Bayeke wa Katanga, ambaye mtafiti wa muziki Hugh Tracey alimrekodi mwaka 1952, alipiga kwa kidole gumba na cha shahada tu. Gumba linatembea besi, cha shahada kinaimba juu, na wewe unasikia kodi ambazo hajazishika zote. Aliimba Kiswahili, tena Kiswahili chetu cha Katanga.

FundiSikio

Mkuu Kinanda Mkavu, nijibu swali lako maana wenzangu wamelikwepa kwa adabu.

Kwaya yako haina kosa, na kinanda hakina kosa. Wanatumia vipimo viwili tofauti.

Chukua A ya kutuni, hezi 440, yaani mitetemo 440 kwa sekunde. Waya, koo au filimbi ikitoa 440, ndani yake kuna sauti nyingine ndogo zinazolia pamoja nayo: 880, 1320, 1760, 2200 na kuendelea. Mara mbili, mara tatu, mara nne, mara tano. Hizo ndizo hamoniki. Hatuzisikii moja moja, tunazisikia kama rangi ya sauti, lakini sikio linazitumia kupima.

Sasa unataka mi juu ya hiyo A, yaani C kali (C iliyopandishwa nusu). Mi iliyotulia kabisa ina uwiano wa 5 kwa 4: hezi 550. Kwa nini hiyo? Kwa sababu hamoniki ya nne ya 550 ni 2200, na hamoniki ya tano ya 440 ni 2200. Zinalaliana, hakuna fujo. Waimbaji wazuri wakishika kodi ndefu bila chombo wanateleza wenyewe kuelekea hapo, hakuna aliyewafundisha namba.

Kinanda kimegawanya oktavu vipande 12 vilivyo sawa. Kila semitoni ni ile ya chini yake mara 1.0595. Panda semitoni nne kutoka 440 unafika 554.4. Hamoniki yake ya nne ni kama 2217.5, na ile ya A iko palepale 2200. Zinagongana mara 17 na nusu kwa sekunde. Huo ndio mkwaruzo unaousikia, mkuu. Una kipimo na una sababu.

So ina nafuu. Tulivu ni 660, ya kinanda ni 659.3. Zinagongana mara moja na nusu kwa sekunde, sikio linasamehe.

Kwa lugha ya mafundi, semitoni moja ya kinanda ni senti 100. Mi ya kinanda iko juu kwa senti 14 kuliko mi ya kwaya iliyotulia. So iko chini kwa senti 2 tu.

Kuhusu kushuka. Imba mzunguko huu: kodi ya kwanza, ya sita, ya pili, ya tano, rudi ya kwanza. Ni mzunguko wa kawaida kabisa, tenzi zimejaa. Kama kila kodi inatulia kikamilifu na kila mwimbaji anashikilia noti aliyokuwa nayo inapobaki ileile, ukirudi do umeshuka senti 22 hivi. Hesabu ndiyo inawashusha. Mizunguko mitano mmepoteza semitoni nzima. Ongeza juu yake pumzi kuisha na sauti ya juu kuchoka, ndiyo unabonyeza kinanda mwishoni unashangaa.

Mzee wa Kopi

Mimi nimepiga kumbi miaka mingi na sijawahi kuona mtu analalamika senti 14. Ni moja ya saba ya semitoni. Nani anasikia hiyo? Nadharia za darasani hizi.

FundiSikio

Mzee wangu, shikamoo. Ukumbini kuna ngoma, besi, watu wanapiga kelele, na gitaa linakwanyuliwa na kufifia. Hapo hata mimi sisikii.

Jaribu hivi kwa utulivu. Washa kinanda, weka sauti ya ogani isiyofifia, zima mtetemo wa bandia. Shika C na E katikati ya kinanda, usiachie. Sikiliza juu kidogo ya noti zenyewe, utasikia kitu kinachemka. Kisha shika C na G. Pametulia. Sikio halipimi senti, linasikia ule mchemko.

Piano inakuficha kwa sababu sauti yake inakufa haraka. Ogani na akodiani zinakuanika.

Kinanda Mkavu

FundiSikio nakushukuru. Hii inaeleza jambo ambalo wapiga ogani wa siku nyingi wanalifanya bila kusema: kwaya ikishika kodi ndefu ya mwisho, wao wanaacha do na so tu mkononi, mi wanaiachia alto au tena. Nilidhani ni uvivu.

Ila nina swali la nyongeza. Kama uwiano safi ni mtamu, kwa nini watengenezaji hawatuni kinanda hivyo?

FundiSikio

Waliwahi, na kinafaa kwa ki moja. Tuni C yako kwa uwiano safi: D iwe 9 kwa 8, A iwe 5 kwa 3. Kwenye C ni asali. Sasa hamishia do kwenye D. So yake ni A, na kutoka D hiyo hadi A hiyo pamepungua senti 22. Inalia kama mbwa usiku wa mbalamwezi. Kinanda kina funguo zisizosogea, ukitaka kupiga ki zote 12 ni lazima kila ki ikubali kuumia kidogo. Ndio bei ya transpozi ya RidhimuTemeke.

Kijana Mvukuto

Wakuu samahani nawatoa kidogo kwenye hesabu. Nyumbani kila kitu chenye funguo ni "kinanda". Ogani kinanda, piano kinanda, akodiani kinanda, ile ya Wahindi ya kukaa chini nayo kinanda. Nataka kujifunza akodiani. Tofauti ni nini hasa, na ile mikono miwili inafanyaje kazi?

Kinanda Mkavu

Karibu kijana. Usiangalie funguo, uliza nini kinacholia ndani.

Piano ni waya unaogongwa na nyundo. Ogani kubwa ya kanisa ni mabomba, hewa inapita kama kwenye filimbi. Kibodi ya umeme haina kinacholia, ni spika.

Hamonika, akodiani, hamoniamu na melodika ni ndugu wa tumbo moja: ndani kuna ulimi mwembamba wa chuma au shaba, hewa inautikisa, urefu na uzito wa ulimi ndio unaoamua noti. Babu yao ni sheng ya China, ambayo ni ya kale sana kuliko vyote hivi. Ulaya ndimi hizo zilivuma mwanzoni mwa karne ya 19. Cyrill Demian wa Vienna alipata hati miliki ya akodiani mwaka 1829, na chombo chake jina kilipewa kwa ajili ya kodi: ufunguo mmoja ulitoa kodi nzima. Alexandre Debain wa Paris akapata hati ya hamoniamu mwaka 1842, ya kukanyaga mvukuto kwa miguu. Hiyo ilipendwa na wamisionari kwa sababu mabomba hayabebeki. Mwaka 1875 Dwarkanath Ghose wa Calcutta akaitengeneza upya iwe ya kukaa chini, mkono mmoja unavuta mvukuto nyuma, mwingine unapiga.

Sasa mkono wa kushoto wa akodiani, hapo ndipo pana uhondo na ndipo watu wanapaogopa bure. Vile vitufe vya besi, kwenye akodiani kubwa huwa 120, vimepangwa kwa hatua za tano. Uko kitufe cha C: kinachofuata upande mmoja ni G, upande mwingine ni F. Yaani kodi ya tano na ya nne ni majirani wa ya kwanza, kidole hakisafiri. Ukihamia ki ya D unasogeza mkono mzima na ramani inabaki ileile. Kando ya kila besi kuna safu za kodi tayari: majo, maina, seveni, diminishi. Kwa hiyo wewe wa akodiani utaielewa moja-nne-tano kwa vidole kabla ya kuielewa kwa kichwa.

Ukisikia akodiani ina sauti inayometameta, fundi ameweka ndimi mbili kwa kila noti na kuzitofautisha kidogo makusudi. Ule mgongano aliouhesabu FundiSikio, hapo unatafutwa kwa pesa.

Kama uko upande wa Kenya ya kati tafuta wazee wa mwomboko. Ngoma ile ya Wakikuyu ya miaka ya 1940 inasimama kwa akodiani na pete ya chuma ya karing'aring'a.

Binti Mvita

Asalaam aleikum. Nimesoma yote kimya ila hapo kwenye hamoniamu sikuweza kujizuia.

Huku Mombasa hamoniamu tuliipata kwa Wahindi, pamoja na tabla. Marehemu Juma Bhalo alipokuwa akiimba zile taarabu za mahadhi ya Kihindi, hamoniamu ilikuwa ndiyo roho ya kikundi. Na hapo hapo kuna taishokoto ya Kijapani, chombo cha nyuzi chenye vitufe, ambayo nje ya pwani watu hawaamini nikiwaambia. Hamoniamu katika taarabu haipigi kodi mnazozungumza nyinyi. Inafuata wimbo. Mkono mmoja unavuta pumzi, mwingine unamfuata mwimbaji neno kwa neno, labda na noti moja ya chini inayoshikiliwa.

Mkitaka kujua ugomvi wa kinanda na sikio si wa kwaya tu: redio ya taifa ya India iliipiga marufuku hamoniamu kuanzia 1940 hadi 1971. Sababu kubwa ni hii hii. Noti zake zimekaa palepale, haziwezi kuteleza kati ya funguo kama koo la mwimbaji au sarangi (fidla ya Kihindi), na mgawanyo wake haukuwa wa raga, mahadhi ya asili ya Kihindi.

Kwa taarabu ya Unguja ndiyo usiseme. Ikhwani Safaa, kikundi cha tangu 1905, asili yake ni udi, kanuni, nai, fidla. Wote wanapiga wimbo mmoja, kila mmoja akiupamba kwa namna yake. Hamoni ya tabaka za kodi haikuwa mahali pake, na hakuna aliyeihitaji, kwa sababu maqamu yenyewe, ngazi za noti za Kiarabu, ndiyo utajiri. Maqamu ya Rasti, noti yake ya tatu iko katikati ya Eb na E. Bayati, ya pili yake iko kwenye robo ya toni. Hapo kodi ya majo uiweke wapi? Ukishika E unaua Rasti, ukishika Eb unaizika. Nahawandi na Hijazi zinavumilia kinanda, hazina robo za kukosa. Udi hauna freti, fidla haina freti, kanuni ina vijiti vidogo vya kuinua na kushusha kila waya. Vyombo hivyo vilijua vinakwenda wapi.

Sasa sikilizeni taarabu ya kisasa, hii ya vinanda vya umeme na gitaa la besi iliyoshika tangu miaka ya 1990. Mimi naicheza harusini kama mwanamke yeyote wa pwani, lakini masikio yangu yanasikia maina na Hijazi, maina na Hijazi. Rasti imekuwa mgeni. Viko vinanda vya Kiarabu vyenye vitufe vya kushusha noti robo, ila umnunulie mpigaji asiyeijua Bayati kwa sikio utakuwa umemnunulia taa.

Mzee wa Kopi

Binti Mvita hapo umenigusa. Mimi nilidhani wale wa fidla wanapotea sauti.

Binti Mvita

Mzee wangu, hawapotei. Wewe ulikuwa na gitaa la freti mkononi.

Chilonwa Kwetu

Wakuu, mmeenda Norwich, Calcutta mpaka Unguja, mmeruka Dodoma. Nirudi kwa FundiSikio na zile hamoniki zake, kwa sababu kwetu Ugogoni hazijifichi, ndiyo skeli (ngazi ya noti) yenyewe.

Orodhesha hamoniki za sauti moja ya chini: 6, 7, 8, 9, 10. Kama sauti ya chini ni C, unapata G, Bb, C, D, E. Ndiyo noti tano za ilimba, chombo cha vyuma vinavyopigwa kwa vidole gumba, na za waimbaji wa Kigogo. Lakini hiyo E ni 5 kwa 4, ile tulivu, siyo ya kinanda. Na hiyo Bb ni 7 kwa 4, iko chini ya Bb ya kinanda kwa senti 31. Hakuna ufunguo wake. Ukitafuta kwenye kibodi utapata Bb iliyo juu mno, ukishuka ufunguo mmoja uko A, mbali kabisa.

Na hamoni yetu ina kanuni. Sauti ya pili inaruka noti moja ya skeli: wa kwanza akiwa G mwenzake yuko C, akiwa C mwenzake yuko E, akiwa D mwenzake yuko G. Hakuna mtu anayehesabu, unaruka moja unakuta mwenzako anakufurahia. Hiyo ilikuwepo kabla ya kitabu cha tenzi kufika.

Ilimba nayo imetengenezwa kwa kujua haya. Ina vyuma visivyoguswa na vidole, kazi yake ni kuitikia vinavyopigwa. Na kwenye ubao kuna matundu yaliyofunikwa utando wa buibui, ndiyo ule mvumo unaosikia. Marehemu Hukwe Zawose alipokuwa akipiga na kuimba, sauti yake na ilimba vilikuwa kitu kimoja. Mwalimu Nyerere alimwita Dar miaka ya 1960, baadaye akawa Bagamoyo hadi kufariki mwaka 2003, na dunia nzima ilimsikia akiwa na zeze na ilimba zisizotuniwa kwa kinanda.

Kinachoniuma ni kuona kwaya za kwetu zikichukua wimbo wa Kigogo, zinaupanga kwa soprano, alto, tena, besi, kinanda kinaingia na Bb yake ya senti 1000, na mwalimu anawaambia vijana "mko chini, pandeni". Hawako chini.

besi_ya_nne

Aisee. Kwa hiyo nilivyokuwa nafokewa utotoni kumbe nilikuwa kwenye ya saba.

Chilonwa Kwetu

Wewe wa besi ulikuwa umesinzia tu, usijifiche nyuma ya mababu.

RidhimuTemeke

Sasa wakuu tufanyeje? Tutupe vinanda? Mimi Jumapili nina kazi.

Kinanda Mkavu

Hakuna anayetupa. Mimi ndiyo chombo changu na mke wangu anajua. Ila ninachotetea ni hiki: kinanda kisiwe hakimu wa kila sauti. Ni chombo kimoja chenye makubaliano yake. Wimbo wa Kigogo uimbwe na zeze na ngoma, kinanda kipumzike. Taarabu ya Rasti, kinanda kikae kwenye noti ya kwanza na ya tano, kisiguse ya tatu. Tenzi za sauti nne, kipige intro, kisaidie besi, ubeti wa katikati waimbaji waachwe peke yao wasikie wenyewe kodi inavyotulia.

Na maneno: kwenye mazoezi yenu taja ki kwa herufi, taja kodi kwa namba, neno do liachiwe waimbaji. Bukavu Solo hapo utatuvumilia.

Bukavu Solo

Navumilia, ndugu. Namba tunaelewana.

Tarumbeta ya Machame

Nimechelewa, ila kuna jambo la sisi wa matarumbeta limeachwa.

Kinanda Mkavu umesema tarumbeta ya Bb itasema A wimbo ukiwa G. Hiyo ni kweli kwa bendi za polisi, jeshi na za dansi. Kwenye vikundi vya tarumbeta vya Kilutheri, Kilimanjaro na hata Kagera, tumerithi mtindo wa Kijerumani: tunasoma kitabu kilekile cha tenzi cha mpiga ogani, na mpigaji wa Bb anafundishwa tangu mwanzo kwamba vali wazi ni Bb. Kwa hiyo kwetu G ni G. Kijana wetu akihamia bendi ya polisi, wiki za kwanza anakuwa nje kwa toni nzima, na wa polisi akija kwetu ni vivyo hivyo.

Halafu angalieni karatasi za zamani za Kijerumani: wao B yao ni Bb, na B ya kawaida wanaiandika H. Nimeona mwalimu akitafuta ufunguo wa H.

Kinanda Mkavu

Hii sikuijua, ahsante sana mkuu. Kumbe swali la kumuuliza mpiga tarumbeta mgeni si "uko ki gani", ni "vali wazi unaiita nini?" Akijibu C, mwongezee toni moja. Akijibu Bb, mpe karatasi ya ogani muanze.

Kijana Mvukuto, kabla hujalipa pesa ya akodiani, fungua mikanda ya mvukuto, uuachie uning'inie bila kubonyeza kitu. Ukijifungua wenyewe kwa uzito wake, hewa inavuja. Kisha piga kila noti ukivuta na ukisukuma, maana kila upande una ulimi wake.